Majani Tele, Zabibu Hakuna: Mwongozo Kamili wa Kupogoa Mzabibu Tanga na Pwani Nzima

Kila ifikapo Septemba naletewa picha zilezile. Mzabibu umefunika uwanja mzima, majani mapana ya kijani, kivuli kizuri cha kukalia jioni, na chini yake hakuna hata kichala kimoja. Zinatoka Kange, zinatoka Pongwe, Pangani, hata Bagamoyo. Swali nalo ni moja: niweke mbolea gani?

Usiweke mbolea. Tatizo ni mkasi, na hasa tarehe ya mkasi. Familia yetu ina shamba dogo la mizabibu ya Kiitaliano nje kidogo ya mji wa Tanga, na tunakamua divai yetu wenyewe. Misimu miwili ya kwanza tulivuna majani kama ninyi. Haya yaliyomo humu ndiyo yaliyotutoa huko.

Mwongozo unafaa kwa mzabibu wenye miaka miwili na zaidi, wenye shina lililokwisha kupanda kwenye waya au kichanja. Kama wako ni mdogo zaidi, uache ujenge mizizi kwanza. Unafaa pia kwa zabibu za kula, si za divai peke yake.

## Elewa jambo moja kabla ya kushika mkasi

Italia, baridi huuvua mzabibu majani, ukalala miezi kadhaa na kuamka wote kwa pamoja. Huku kwetu haulali. Usipoulazimisha, unaendelea kurefuka ncha kwa ncha, na nguvu zote zinaishia kwenye majani.

Dodoma nako hakulali, lakini kule ni kukavu. Wanapogoa mara mbili na kuvuna mara mbili kwa mwaka. Tanga tunapata mvua zaidi ya milimita 1,200 kwa mwaka, masika kuanzia Machi hadi Mei na vuli kuanzia Oktoba hadi Desemba. Ukifuata kalenda ya Dodoma huku, maua yatakutana na mvua na ukungu utayamaliza.

Kwa hiyo sisi tunakata mara mbili na kuvuna mara moja. Mkato wa Desemba unatafuta fito. Mkato wa Juni unatafuta zabibu. Vichala utakavyovuna Septemba vinaanza kuumbwa ndani ya macho ya mti mnamo Januari na Februari, vikiwa vidogo kiasi kwamba huvioni. Jicho lililokosa jua miezi hiyo litatoa majani tu Juni, hata umwage gunia zima la mbolea.

Nikisema *ufito* nina maana ya tawi la msimu huu lililokwisha kugeuka rangi ya kahawia na kukauka ganda. *Jicho* ni kile kivimbe kwenye kila kifundo cha ufito. *Mkono* ni tawi kuu la kudumu lililolala kwenye waya.

## Vifaa

Andaa hivi vyote kabla. Kukatiza kazi ya kupogoa ili ukatafute chokaa dukani ni kuacha vidonda wazi.

- Mkasi mkali wa kupogolea, na msumeno mdogo kwa matawi manene
- Spiriti na kitambaa cha kufutia mkasi
- Mrututu (chumvi ya shaba ya rangi ya buluu) na chokaa iliyozimwa
- Ndoo mbili za plastiki, mwiko wa mbao na msumari mmoja safi wa chuma
- Brashi ya rangi, bomba la kupulizia, glavu, miwani na barakoa
- Kamba ya katani
- Beseni na kipande cha boksi jeupe la povu, lile wanalobebea samaki wa barafu
- Kalamu ya wino usiofutika na daftari

Usibadilishe kamba ya katani kwa waya au nailoni. Nailoni haiozi, tawi linanenepa na kamba inalikaba. Katani inashika msimu mzima, kisha inachakaa yenyewe. Tanga hatuna sababu ya kuikosa.

## Aina uliyonayo inaamua urefu wa mkato

Watu wengi hawaulizi hili, na ndipo wanapoanguka.

Zibibbo ni zabibu nyeupe yenye harufu nzuri, inayolimwa kisiwani Pantelleria, kusini mwa Sicilia. Jina hilo na neno letu *zabibu* mama yao ni mmoja, Kiarabu. Wakulima wa Pantelleria huukata mfupi kabisa, kichaka kinakaa karibu na ardhi ndani ya kishimo ili upepo wa bahari usiupige. Unazaa hata kwenye macho ya chini ya ufito.

Teroldego ni nyekundu, kwao ni Trentino, kaskazini mwa Italia, na Dodoma wameshaizoea. Kwao huilaza juu ya vichanja na kuacha fito ndefu. Ukiikata fupi inakupa majani.

Vermentino ni nyeupe ya Sardinia na Liguria, na inavumilia upepo wa chumvi. Kwetu imekaa katikati ya hizo mbili.

Tahadhari: usitie vipando kwenye begi ukitoka safari. Mimea kutoka nje inahitaji kibali cha Mamlaka ya Afya ya Mimea na Viuatilifu, kwa sababu kijiti kimoja chenye ugonjwa kinaweza kuua shamba la jirani yako. Kwa vipando vya hapa nchini, anzia kituo cha Taasisi ya Utafiti wa Kilimo Tanzania (TARI) Makutupora, Dodoma. Udongo wako unaweza kupimwa TARI Mlingano, wilayani Muheza.

## Hatua ya 1: Mkato wa msingi (wiki ya kwanza ya Desemba)

Kata kila ufito uliozaa, ukibakiza kisiki chenye macho mawili tu juu ya mkono. Toa yote yaliyokauka, yaliyosongamana na yanayoelekea chini. Mti utabaki uchi, na ndivyo inavyotakiwa.

Sababu: unataka fito mpya zitakazokutana na jua la kaskazi. Ukikata Oktoba, machipukizi yatakulia kwenye mawingu ya vuli. Ukichelewa hadi Januari, fito hazitakuwa zimekomaa ifikapo Juni.

Futa mkasi kwa spiriti unapotoka mti mmoja kwenda mwingine. Kisha paka mikono chokaa nyepesi iliyochanganywa na maji, maana haina tena majani ya kuikinga na jua litaibabua.

Mafanikio: baada ya siku 10 hadi 14 macho yanavimba, yanatoa manyoya meupe au ya waridi, kisha kijani.

## Hatua ya 2: Panga machipukizi, ruhusu jua (Januari na Februari)

Machipukizi yakifika majani matano, chagua yatakayobaki. Kwenye mti uliopandwa kwa nafasi ya mita moja na nusu, mimi naacha 12 hadi 15, yaliyopishana upana wa kiganja. Mengine yakunyue kwa kidole yangali laini. Kidonda cha kidole hupona upesi kuliko cha mkasi.

Kila moja lifunge wima kwenye waya. Likifika majani 15, dona ncha. Vitawi vinavyochipuka kwenye makwapa ya majani vitoe mapema.

Kipimo changu ni hiki: saa sita mchana lala chali chini ya mzabibu. Ukiona matone ya jua yametapakaa kifuani kama sarafu, umepatia. Ukiwa kwenye kivuli kizito, macho ya juu yako yako gizani, na unapoteza Septemba yako bila kujua.

Mwagilia kwa kiasi. Samadi iweke Desemba, si sasa. Mti ulioshiba maji na samadi mwezi Januari unachagua kurefuka.

## Hatua ya 3: Linda majani wakati wa masika (Machi hadi Mei)

Fito zinahitaji majani hai ili zikomae. Adui mkubwa ni ubwiri vinyoya: madoa ya njano kama ya mafuta juu ya jani, na unga mweupe wa manyoya chini yake. Ukiyaona mengi, umeshachelewa, kwa hiyo pulizia kabla.

Kwa lita 10: yeyusha gramu 100 za mrututu katika lita 5 za maji kwenye ndoo ya plastiki. Kwenye ndoo ya pili koroga gramu 100 za chokaa na lita 5 nyingine. Mimina mrututu polepole ndani ya chokaa huku ukikoroga, usigeuze mpangilio huo. Utapata rangi ya samawati kama anga la asubuhi.

Sasa chukua ule msumari. Uchovye kwa dakika moja, utoe, utazame. Ukitoka na rangi nyekundu ya shaba, mrututu umezidi na utachoma majani. Ongeza chokaa kidogo, jaribu tena hadi msumari utoke jinsi ulivyoingia. Chuja, pulizia siku hiyohiyo, asubuhi, juu na chini ya majani. Rudia kila siku 10 hadi 14, na baada ya mvua kubwa.

Usitumie ndoo ya bati wala ya chuma, mrututu unaila. Na usiruke glavu na miwani, hata kama ni miti miwili ya uani.

Mafanikio: mwisho wa Mei fito ni kahawia, nene kama kalamu, na majani mengi bado yako juu.

## Hatua ya 4: Soma macho kabla ya kukata (wiki ya kwanza ya Mei)

Hatua hii ndiyo iliyotuokoa, na sioni watu wakiifanya. Juni yetu ya kwanza tulifuata mchoro uliochorwa kwa ajili ya nchi ya baridi: tukakata kila kitu kubaki macho mawili. Zibibbo ikazaa. Safu sita za Teroldego zikatoa majani matupu, na mwaka mzima ukapotea. Tulikuwa tumetupa matunda yetu wenyewe kwenye lundo la taka, yakiwa ndani ya macho.

Fanya hivi. Kata fito 10 kutoka miti tofauti ya aina moja. Kila ufito ukate vipande vifupi, kila kipande jicho moja, na jani likiwepo litoe. Andika namba kuanzia chini: jicho lililokuwa karibu na mkono ni 1, linalofuata 2, hadi 10.

Toboa kipande cha boksi la povu, chomeka vijiti, kielee ndani ya beseni la maji. Weka barazani penye mwanga bila jua kali. Badilisha maji kila baada ya siku mbili.

Baada ya wiki tatu hivi macho yatakuwa yamechipua. Subiri majani matatu au manne, kisha sogeza uso wako karibu. Upande unaokabili jani utaona kitu kimojawapo kati ya viwili. Kikiwa kikono chembamba kinachojikunja na kugawanyika ncha mbili, hakuna tunda hapo. Kikiwa kishada kidogo cha vichwa vya kijani vilivyobanana, kama suke changa la mtama, hicho ni kichala chako cha Septemba.

Jaza daftari: jicho namba 1, vijiti vingapi kati ya 10 vina kishada? Namba 2? Endelea hadi mwisho. Kwetu Zibibbo ilionyesha vishada kuanzia namba 1 na 2. Teroldego ilianza kuonyesha vya maana namba 4. Vermentino, namba 2 na 3.

Ikiwa hakuna jicho lolote lenye kishada, usikate kwa matumaini. Fito zako zilikaa kivulini. Rudia hatua ya 1 na ya 2 kuanzia Desemba ijayo, na mwaka huu punguza msongamano tu.

## Hatua ya 5: Vua majani (siku 10 kabla ya kukata)

Nyofoa majani yote ya kwenye fito kwa mkono, ukiyavuta kuelekea juu ya ufito ili usiumize jicho lililo kwapani. Majani ndiyo yanayoliambia jicho liendelee kulala. Ukiyatoa kwanza, macho yanaamka kwa pamoja badala ya kuamka ya nchani peke yake.

Kuna dawa ya kuamsha macho, sayanamidi ya haidrojeni, inayotumika kwenye mashamba makubwa. Mimi siitumii na sikushauri. Ni sumu kali kwa ngozi na mapafu, na aliyeishika akinywa pombe, hata glasi moja, anaweza kuzidiwa vibaya. Kwa familia inayotengeneza divai hiyo si dawa ya kuweka nyumbani.

## Hatua ya 6: Mkato wa mavuno (wiki ya kwanza au ya pili ya Juni)

Usifuate tarehe kama kipofu. Fuatilia utabiri wa Mamlaka ya Hali ya Hewa kuhusu mwisho wa masika, na utazame anga lako. Ninachosubiri mimi ni kusi kukaza na siku tano mfululizo bila mvua ya maana.

Sasa fungua daftari. Tafuta jicho la kwanza lenye vishada kwenye nusu ya vijiti au zaidi, ongeza macho matatu juu yake, hapo ndipo pa kukata. Kwa Teroldego yangu inakuwa macho 7 au 8. Kwa Zibibbo macho 4 au 5 yanatosha.

Fito ndefu chache zinatosha. Acha 3 au 4 zilizokomaa vizuri, na kando ya kila mmoja kisiki cha macho mawili kwa ajili ya mwaka kesho. Kwa aina za mkato mfupi unaweza kuacha fito 6 hadi 8. Nyingine zote toa. Mkono wako utasita hapa, na wangu ulisita. Ukiacha fito zote, vichala vitakuwa vingi, vyembamba, vichachu, na mti utachoka usizae mwakani.

Kata sentimita mbili juu ya jicho la mwisho, mkato uinamie upande wa pili wa jicho. Halafu paka vidonda vinene uji mzito: gramu 100 za mrututu na gramu 100 za chokaa kwa lita moja ya maji.

Mkato utadondosha maji. Mama mdogo aliponitembelea siku ya kupogoa alisimama akitazama matone yakianguka mchangani, akaniambia, "Mwanangu, umeuumiza, unalia." Ni maji ya mizizi yanayopanda, hayadhuru, na yanakoma baada ya siku chache. Ukiona hayatoki kabisa, ndipo ukague mizizi.

Mwisho, kunja fito ndefu kama upinde, ncha ishuke chini ya kimo cha mkono, ufunge na katani. Ukiacha wima, jicho la juu linanyang'anya chakula chote na ya katikati hayaamki. Kunja taratibu. Ukisikia mlio mdogo wa nyuzi kukatika ni sawa, ufito ukivunjika umepoteza.

Mwagilia kwa wingi siku hiyo na siku ya tatu yake.

Mafanikio: kati ya siku ya 10 na 16 zaidi ya nusu ya macho yameamka, na kwenye jani la nne au la tano vishada vinaonekana palepale beseni lilipokuambia.

## Hatua ya 7: Kutoka ua hadi tunda (Julai na Agosti)

Maua yanafunguka wiki ya tano au ya sita. Ni madogo, ya kijani, yana harufu nyepesi tamu ambayo utaisikia asubuhi kabla ya kuyaona. Usipulizie ule mchanganyiko wa mrututu na chokaa yakiwa wazi. Maliza kabla, endelea tunda likiwa kama punje ya pilipili manga, na uache kabisa siku 30 kabla ya kuvuna.

Chipukizi fupi kuliko mkono wako lisibebe kichala. La wastani libebe kimoja, lenye nguvu viwili.

Fungua majani yanayofunika vichala upande wa mashariki tu. Jua la asubuhi linakausha umande, jua la alasiri linababua matunda. Safu zikifuata uelekeo wa kusi ni bora zaidi, upepo unapita katikati na kukausha.

Kama uko karibu na bahari na kingo za majani zinageuka kahawia, ni chumvi. Yaoshe kwa maji yasiyo na chumvi asubuhi, siku moja baada ya upepo mkali.

Tunda likianza kubadilika rangi, funika kwa wavu. Kunguru wa mjini Tanga hawangoji ukomavu.

## Hatua ya 8: Kuvuna na kupumzisha (mwisho wa Septemba)

Tangu mkato hadi mavuno kwetu ni siku 110 hadi 120. Usihesabu siku peke yake: ponda tunda, tazama mbegu. Mbegu ya kijani bado, ya kahawia inayokatika kwa meno tayari. Mwenye kipimo cha sukari asubiri nyuzi 22 hadi 24 za Briksi kwa divai nyekundu, 20 hadi 22 kwa nyeupe. Mvua za vuli zikikaribia na umefika 21, vuna. Maji yakiingia, tunda linapasuka na siku mbili zinatosha kuoza kichala kizima.

Vuna alfajiri, kabla ya saa mbili, ukiwa na kikapu cha kina kifupi ili vya chini visipondeke. Zabibu zilizovunwa mchana wa Tanga zinaanza kuchacha kabla hujafika nyumbani.

Baada ya hapo usiguse mti. Majani yaliyobaki yanajaza mizizi akiba itakayosukuma machipukizi ya Desemba. Mwagilia mara moja kwa wiki kama vuli imechelewa, pulizia mchanganyiko wa mrututu mara moja mvua zikianza, na lile daftari la macho liweke mahali pakavu. Utalihitaji Mei.